Deni na Radhi: Swali la Mhitimu katika Kichwamaji, Kill Me Quick na Filamu ya Ozu

Utangulizi

Mwanafunzi anayekaribia kuhitimu ni mhusika aliyezoeleka katika fasihi ya Afrika Mashariki iliyoandikwa tangu uhuru, na aghalabu hatima yake si njema. Anaondoka nyumbani akiwa tumaini la ukoo mzima, anasoma, anapata cheti au digrii, kisha anaanguka. Anguko hilo laweza kuelezwa kwa njia mbili. Laweza kuonekana kuwa ni zao la mfumo wa uchumi uliorithiwa kutoka kwa wakoloni, au laweza kuonekana kuwa ni maradhi ya nafsi, yaani upweke wa msomi aliyetengana na jamii yake. Maelezo yote mawili yana uzito. Hata hivyo, yote mawili yanaliacha kando swali la kimaadili ambalo ndilo linalomkosesha mhitimu usingizi: aliyesomeshwa kwa jasho la wengine anadaiwa nini, na anadaiwa na nani, endapo elimu ile haikuleta kile kilichotarajiwa?

Swali hili si la vitabuni tu. Katika mtaa wa Kongo, Kawangware, kama ilivyo katika vijiji vya Kibera, karo hulipwa kwa fedha zinazopatikana siku kwa siku. Yupo mama anayekwenda kufua nguo katika nyumba za Lavington, baba anayebeba mawe kwenye mjengo, shangazi anayeuza sukuma wiki kando ya njia, na chama cha akina mama kinachochangishana kila wiki ili zamu ya mmoja wao ikifika apate kumlipia mwanawe. Kila aliyechanga anakijua alichochanga. Siku mwana anapovaa joho, waliochanga hupiga picha naye. Matatizo huanza baadaye, miezi inapopita na mhitimu yungali analala katika chumba kilekile cha mabati, akiamka asubuhi na bahasha yake ya vyeti kwenda kubisha milango ya ofisi. Lugha ya mitaani ya Nairobi imeunda kitenzi kizima kutokana na neno la lami kwa ajili ya mwendo huo. Hakuna mtu anayemdai waziwazi. Lakini yeye mwenyewe huanza kupita njia za nyuma ili asikutane na waliomchangia.

Makala haya yanatetea hoja kwamba maandishi yetu, pamoja na mazungumzo yetu ya kila siku, yameyachanganya mambo mawili ambayo Kiswahili chenyewe huyatenganisha, nayo ni deni na radhi. Uhusiano wa mhitimu na wazazi wake si uhusiano wa deni, ingawa huzungumzwa kana kwamba ni deni. Kwa upande mwingine, deni la kweli lipo, ila mdaiwa wake si mhitimu. Ili kuionyesha hoja hiyo, makala yanazisoma pamoja kazi tatu: riwaya ya Kichwamaji ya Euphrase Kezilahabi (1974), riwaya ya Kill Me Quick ya Meja Mwangi (1973), na filamu ya Kijapani Hitori musuko, yaani Mwana wa Pekee, iliyotengenezwa na Yasujirō Ozu mwaka 1936. Filamu hiyo haikuchaguliwa kwa sababu ya ugeni wake. Imechaguliwa kwa kuwa inamfuata mhitimu mpaka mahali ambapo riwaya zetu mbili hazikufika.

Mwia na mwiwa

Kitenzi -wia kina matumizi mawili yanayostahili kuzingatiwa kwa pamoja. Mtu akisema "namwia fulani shilingi mia", maana yake ni kwamba anamdai. Mwenye kudai huitwa mwia na mwenye kudaiwa huitwa mwiwa. Lakini mtu huyohuyo akisema "niwie radhi", hazungumzii tena fedha wala hesabu. Anaomba moyo wa mwenzake uwe mwema kwake. Kitenzi ni kimoja, kwa sababu hali zote mbili ni za mtu kuwa na jambo kwa mtu mwingine, lakini maadili yake ni tofauti kabisa.

Deni lina kipimo, radhi haina. Deni hudaiwa, hata mbele ya kadhi au hakimu. Radhi haidaiwi, huombwa. Deni likilipwa, mwia na mwiwa huweza kuachana kila mmoja akashika njia yake. Radhi ikipatikana, ndipo uhusiano unapozidi kushikamana. Tena, deni laweza kulipwa na mtu mwingine yeyote kwa niaba ya mdaiwa, hali radhi haipatikani kwa wakala. Mzazi aweza kumpa radhi mwana asiyeleta chochote, na aweza kumnyima mwana aliyemjengea nyumba ya mawe. Jamii za Waswahili, na jamii nyingi za Bara pia, zimelielewa jambo hili kwa muda mrefu. Ndiyo maana mtoto anayesafiri huagwa kwa dua na baraka badala ya mkataba.

Mambo huanza kuchanganyika elimu inapoanza kulipiwa. Methali isemayo kuwa mchumia juani hulia kivulini huambiwa mzazi anayeteseka kwa ajili ya karo, naye huielewa kama ahadi: jua ni lake, na kivuli kitatoka kwa mwana. Hapo pana swali ambalo methali yenyewe hailijibu. Nani aliyeahidi kivuli? Mtoto wa darasa la kwanza hakuahidi kitu. Walioahidi ni mwalimu aliyesema mtoto ana akili, mwanasiasa aliyesimama kwenye harambee ya kujenga shule, na serikali zilizotangaza kuwa elimu ndiyo ufunguo wa maisha. Mzazi alilipa kwa kuamini ahadi ya watu wengine, na kijana akakua akidhani kwamba ahadi ile aliitoa yeye.

Msafiri na ghala

Kauli yenye nguvu kubwa kuhusu deni la msomi katika eneo hili ilitolewa na Julius Nyerere. Katika miaka ya 1960 alimfananisha mtu aliyepewa elimu na mtu ambaye kijiji chenye njaa kimempa chakula chote kilichobaki, ili apate nguvu ya kwenda mbali kuleta chakula zaidi. Mtu huyo akila kisha asirudi, anakuwa msaliti wa kijiji.

Mfano huo ulipata mtihani wake tarehe 22 Oktoba 1966, wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walipoandamana hadi Ikulu kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, ambayo yaliwataka wahitimu kutumikia kwa kipindi cha takriban miaka miwili, sehemu kubwa yake wakipokea asilimia 40 tu ya mshahara. Nyerere aliwafukuza wanafunzi wapatao mia nne, na siku hiyohiyo akatangaza kuupunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20. Wengi wao waliruhusiwa kurudi chuoni mwaka 1967, mwaka wa Azimio la Arusha na wa maandishi yake juu ya Elimu ya Kujitegemea.

Ni vigumu kuukana uzito wa kimaadili wa kitendo kile, hasa kwa kuwa aliyedai alijikata kwanza. Lakini mfano wa msafiri una sharti moja ambalo Tanzania ya wakati ule iliweza kulichukulia kuwa limetimia: kwamba huko mbali chakula kipo, na kwamba msafiri akifika atafunguliwa ghala. Mhitimu wa mwaka 1966 alikuwa na kazi inayomsubiri serikalini, na ndiyo sababu aliweza kuwa msaliti. Mfano haukusema neno lolote juu ya msafiri aliyekwenda kwa uaminifu, akafika, akakuta ghala limefungwa na mlinzi mlangoni. Msafiri huyo hawezi kuitwa msaliti, kwani hakula cha watu akatoroka. Wala hawezi kuitwa shujaa, kwani mikono yake ni mitupu. Maadili ya msafiri na ghala hayana jina la kumpa, naye ndiye mhitimu wa Kongo.

Kifo na gereza

Kezilahabi alikuwa miongoni mwa wanafunzi wa chuo hichohicho, akahitimu mwaka 1970. Miaka minne baadaye alichapisha Kichwamaji. Kazimoto, msimuliaji wa riwaya hiyo, ni mwanafunzi wa chuo kikuu ambaye tunakutana naye akitafuta kazi ya muda wa likizo katika ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Mwenye ofisi ni Manase, rafiki yake wa utotoni. Huyu ndiye msomi ambaye ghala lilimfungukia. Amepata cheo, na kitu alichokileta nyumbani kwa akina Kazimoto ni mimba ya Rukia, dada yake Kazimoto, na hatimaye msiba. Ikiwa deni la msomi ni kurudi na cheo, basi Manase amelilipa. Kezilahabi anatuonyesha kwa uchungu kwamba malipo hayo hayana thamani yoyote ya kimaadili.

Kazimoto kwa upande wake analikataa deni lote. Haamini kwamba wanakijiji wana lolote la kumfundisha, haamini malipo ya akhera, na hata ndoa yake na Sabina, dada yake Manase, haimtoi katika mashaka. Riwaya inaishia kwa yeye kujiua. Uhusiano wa kazi hii na falsafa ya udhanaishi unajulikana vyema na hauhitaji kurudiwa hapa. Linalohusu hoja ya makala haya ni kwamba Kazimoto hana njia ya kati. Anaiona familia kuwa ni mwia, na kwa kuwa haoni malipo yenye maana, anaona heri kukimbia uwanja. Katika riwaya nzima, akili yake kali inauliza kila jambo isipokuwa moja: kama wale wanaomsubiri nyumbani wanasubiri malipo, au wanamsubiri yeye.

Meja Mwangi alikuwa ametangulia kwa mwaka mmoja kuutazama upande wa pili wa jambo hilo. Meja na Maina, wahusika wakuu wa Kill Me Quick, si wasomi wa chuo kikuu. Ni vijana waliomaliza shule ya sekondari na kufika Nairobi wakiwa na vyeti vyao, wakaishia kulala vichochoroni na kula mabaki ya mapipa ya taka. Riwaya ilitoka mwaka mmoja baada ya ripoti ya mwaka 1972 ya Shirika la Kazi Duniani kuhusu Kenya, ile iliyoeneza istilahi ya sekta isiyo rasmi na kuonyesha kwamba tatizo kubwa la nchi halikuwa watu wasiofanya kazi bali watu wanaofanya kazi na bado ni maskini. Lakini Mwangi aliliona jambo ambalo ripoti ya uchumi haikuweza kulipima, nalo ni aibu. Kinachowazuia vijana hawa kurudi nyumbani si nauli pekee. Wanaogopa kutazamwa na watu waliowasomesha. Njaa ya mjini ni afadhali kuliko macho ya nyumbani. Aibu hiyo ndiyo inayowasukuma kutoka kichochoroni hadi kwenye genge la wahalifu, na kutoka kwenye genge hadi mahakamani na gerezani.

Hivyo basi, riwaya zetu mbili zimempa mhitimu aliyeshindwa miisho miwili, yaani kifo na gereza. Ni miisho yenye nguvu kisanaa, na inaishtaki jamii. Hata filamu zilizoitangaza Nairobi ya mabanda katika karne hii zimependelea aidha mtoto, kama Abila wa Kibera katika Soul Boy ya Hawa Essuman (2010), au kijana anayetumbukia katika uhalifu, kama Mwas katika Nairobi Half Life ya David Gitonga (2012). Lakini idadi kubwa ya wahitimu wa Kongo na Kibera hawajiui, wala hawawi majambazi. Wanaamka. Wanafundisha katika shule ndogo za mabati kwa ujira mdogo, wanauza kadi za simu, wanawaandikia wengine barua za maombi ya kazi. Swali la kimaadili linawakabili wao zaidi kuliko Kazimoto au Maina, kwa kuwa aliyekufa hawezi tena kukutana na waliomchangia. Aliye hai hukutana nao kila siku.

Mwana wa Pekee

Ozu alianza kulishughulikia swali hili katika enzi ya filamu zisizo na sauti. Mwaka 1929 alitengeneza filamu ambayo jina lake kwa Kiswahili lingekuwa Nimehitimu Chuo Kikuu, Lakini..., na ambayo leo imebaki vipande tu. Wakati wa mdororo wa uchumi uliofuata, jina hilo liligeuka kuwa msemo wa watu. Filamu ile ilikuwa ya kuchekesha kwa kiasi kikubwa. Mwaka 1936, katika filamu yake ya kwanza yenye sauti za wahusika, Ozu alilirudia neno "lakini" na safari hii hakucheka sana.

Mwana wa Pekee inaanza mwaka 1923 katika nchi ya milima ya Shinshū. Mjane aitwaye Tsune anafanya kazi katika kiwanda cha kusokota nyuzi za hariri. Mwalimu Ōkubo anafika nyumbani kumpongeza kwa uamuzi wa kumpeleka mwanawe, Ryōsuke, shule ya kati. Uamuzi huo mama hakuufanya. Mtoto ameusema mwenyewe shuleni kwa aibu na matamanio. Mama anampiga kofi, kisha, usiku huohuo, anaamua kwamba atasoma kweli. Tazama jinsi ahadi inavyozaliwa hapa. Mwalimu ameipendekeza kwa kuyasifia masomo, mtoto ameitamka bila ya kuijua gharama yake, na mama ndiye anayeitwika. Mwalimu mwenyewe anaondoka kwenda Tokyo kutafuta makubwa.

Miaka 13 inapita. Tsune anasafiri hadi Tokyo kumwona mwanawe na kumkuta akiwa na mke na mtoto mchanga ambao hakuwahi kuambiwa habari zao. Ryōsuke ni mwalimu wa shule ya usiku, anafundisha jiometria, na anaishi ukingoni mwa jiji. Mwalimu Ōkubo naye anauza vipande vya nyama ya nguruwe vya kukaanga. Ili mama asione hali halisi, Ryōsuke anakopa fedha kwa wenzake kazini. Anamnunulia mto wa kulalia, anampeleka kutazama filamu ya Kijerumani yenye sauti, na mama anasinzia humo. Waswahili wamelisema jambo hili kwa ufupi: kukopa harusi, kulipa matanga. Ryōsuke anajaribu kulilipa deni la zamani kwa kuingia deni jipya, na zawadi anayoinunua kwa deni hilo ni ya kisasa mno kiasi kwamba aliyepewa hawezi kuitumia.

Maungamo yanafanyika katika uwanja mkavu, mabomba ya moshi ya mahali pa kuchomea taka za jiji yakionekana nyuma yao. Ryōsuke anamwambia mama kwamba pengine ingekuwa heri asingekuja Tokyo kamwe. Mama hakubali. Usiku anamkemea kwa kukata tamaa, na ndipo anapomfichulia alilolificha upande wake: nyumba na shamba la miforosadi vimekwisha kuuzwa, naye anaishi katika chumba cha kiwanda. Pande zote mbili, basi, zilikuwa zikificha hesabu. Mwana alificha umaskini wake ili mama asijue kwamba malipo hayapo. Mama alificha gharama ili mwana asijue ukubwa wa deni. Kila mmoja alimficha mwenzake kwa sababu ya mapenzi, na matokeo yake ni kwamba kila mmoja alimgeuza mwenzake kuwa mwia au mwiwa.

Kinachovunja hesabu hiyo ni ajali. Mtoto wa jirani, ambaye mama yake ni maskini kuliko wao, anapigwa teke na farasi na kupelekwa hospitali. Ryōsuke anampa mama huyo fedha ambazo mke wake amezipata kwa kuuza kimono chake, fedha zilizokusudiwa kumtembeza Tsune jijini. Tsune anapoliona hilo, anamwambia mwanawe kwamba hii ndiyo zawadi bora atakayorudi nayo nyumbani, na kwamba huenda ni heri hakupata utajiri.

Hapo ndipo radhi inapotolewa. Ni muhimu kuona kwamba Ryōsuke hakulipa kitu. Fedha hazikwenda kwa mama yake bali kwa mtu mwingine. Katika hesabu za deni, kumlipa jirani fedha anazokuwia mzazi ni kuongeza deni. Lakini mama hakuwa akitazama hesabu tena. Alitazama kama mtoto aliyemfanyia kazi miaka yote ile amekuwa mtu, akaona kwamba amekuwa. Kiswahili kina neno moja kwa hali hiyo, nalo ni utu.

Lango lililofungwa

Kama filamu ingeishia hapo, ingekuwa hadithi ya kufariji, na msomaji makini angekuwa na haki ya kuitilia shaka. Maskini wengi wamefarijiwa kwa maneno ya namna hiyo: huna kazi, lakini una moyo mzuri. Wanaofaidika na faraja hiyo ni wale waliofunga ghala. Pingamizi hili ni zito, na nadharia yoyote ya radhi isiyolijibu haifai.

Ozu analijibu katika onyesho la mwisho. Tsune amerudi kiwandani. Mfanyakazi mwenzake anamwuliza habari za mwanawe, naye anajibu kwamba amekuwa mtu mkubwa. Baadaye anatoka nje peke yake, anakaa chini, na uso wake unapoteza nguvu. Nyuma yake kuna lango kubwa lililofungwa. Filamu inaishia kwenye lango hilo.

Je, mama alisema uwongo? Kwa kipimo cha cheo, alisema uwongo. Kwa kipimo cha utu, alisema kweli, kwa kuwa alimwona mwanawe akifanya jambo kubwa. Lakini hakuweza kumweleza mwenzake ukubwa huo, kwa sababu lugha ya kiwandani ina ukubwa wa aina moja tu. Kwa hiyo alitumia neno lao kwa maana yake mwenyewe, na umbali baina ya maana hizo mbili ndio unaomwangusha nje ya lango. Radhi imempata mwana ndani ya nyumba. Nje ya nyumba dhuluma iko palepale: miaka yake yote kiwandani imekwenda, shamba limekwenda, na jiji lililoahidi halikutoa. Radhi yake ni ya kweli na huzuni yake ni ya kweli, na Ozu hairuhusu moja iifute nyingine.

Onyesho hili linaeleweka Kawangware pasipo maelezo. Mama anayefua nguo Lavington akiulizwa na mwajiri wake kuhusu mwanawe aliyehitimu, naye husema "yuko kazini" au "anaendelea vizuri". Haliwezi kuitwa jibu la uwongo mtupu. Analinda kitu ambacho mwulizaji hana macho ya kukiona.

Deni la kweli

Ikiwa uhusiano wa mzazi na mhitimu ni wa radhi, deni limekwenda wapi? Halikutoweka. Lipo baina ya wale walioahidi na wale waliolipa kwa kuiamini ahadi ile. Serikali ya Kenya huru iliwahimiza wananchi kujenga shule za harambee kwa michango yao; mwaka 2003 iliondoa karo za shule za msingi na madarasa yakafurika; vyuo vikuu vikaongezeka. Kila hatua ilikuwa na faida zake, na kila hatua ilirudia ahadi ya kivuli. Kati ya hatua hizo, mageuzi ya uchumi ya miaka ya 1980 na 1990 yalipunguza nafasi za kazi za serikali, yaani ghala lilelile ambalo msafiri wa zamani alitarajia kufunguliwa. Mwaka 1995 iliundwa Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu, na wahitimu wengi wa Kenya huanza maisha yao wakiwa wawiwa wa serikali kwa maana kamili ya neno hilo, kwa hesabu iliyoandikwa.

Mkopo wa masomo si dhambi, na kuulipa ni haki. Dawa ya deni ni kulipa. Tatizo ni mgeuko wa kimaadili unaofuatana nao. Dola, ambayo ndiyo iliyoahidi, huzungumza kama mzazi: huwataka vijana wawe na shukrani, subira na nidhamu, yaani huwataka waiwie radhi. Wakati huohuo mzazi, ambaye hakuahidi bali alijitolea, huachiwa nafasi ya mwia, ili mhitimu aone kwamba aliyemkosea ni mama yake. Majukumu yamebadilishana. Anayepaswa kudaiwa anaombwa radhi, na anayepaswa kuombwa radhi anahisiwa kuwa anadai. Vijana walipojaza barabara za Nairobi mwezi Juni 2024 kupinga Mswada wa Fedha, manung'uniko ya ukosefu wa kazi yakiwemo miongoni mwa mengine mengi, walikosolewa na baadhi ya wakubwa kwa kukosa adabu. Lakini adabu ni msamiati wa radhi. Wao walikuwa wakizungumza lugha ya deni, na walikuwa wakizungumza na mdaiwa halisi.

Mfano wa Nyerere, basi, hauna haja ya kutupwa, unahitaji kukamilishwa. Msafiri aliyekula chakula cha kijiji ana wajibu wa kurudi. Akirudi mikono mitupu, ana wajibu wa kusema kweli juu ya alichokikuta, na wa kukaa na wenzake katika njaa akiwa mtu, kama Ryōsuke alivyofanya kwa mtoto wa jirani. Kijiji nacho kina wajibu wa kutomwita msaliti. Kisha wote kwa pamoja, msafiri na kijiji, wana haki ya kwenda kuuliza ni nani aliyefunga ghala na kwa amri ya nani.

Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba Kazimoto alikufa, na Meja na Maina walipotea, katika ulimwengu ambamo mhitimu ni mwiwa wa waliompenda. Katika ulimwengu huo hakuna njia ya kuishi, kwa sababu upendo ukihesabiwa haulipiki. Filamu ya Ozu imesaidia kuonyesha kwamba mhitimu aliyeshindwa anaweza kuishi pasipo kujidanganya, ilimradi mambo mawili yatengwe: radhi iombwe na kutolewa pale inapostahili, na deni lidaiwe pale lilipo.

Hapa pana kazi kwa fasihi ya Kiswahili. Mhitimu anayeamka kila siku katika Kongo au Kibera, anayefundisha watoto wa jirani kwa ujira usiotosha na kurudi jioni kwa mama asiyemdai kitu, bado hajapata riwaya inayolingana na maisha yake. Maisha hayo hayana kisu wala kitanzi, na kwa hiyo huonekana kuwa hayana kisa. Lakini mnamo mwaka 1936 kisa hicho kilitosha kuijaza filamu nzima, na mengi yaliyomo katika filamu hiyo, kuanzia shamba lililouzwa hadi jibu la mama kwa mwenzake, hayahitaji kutafsiriwa ili yaeleweke Kawangware.